Shahada Inayodai Shahada: Uhakiki wa Mashauri ya Kutambua Masomo ya Vyuo Vingine

Sokoni Darajani, si mbali na jengo la soko lililojengwa mwaka 1904, yamo maduka madogo ambayo kazi yake ni kutoa fotokopi, kupiga picha za pasipoti na kutia vyeti ndani ya nailoni. Mwandishi wa makala hii, akiwa Unguja kwa huduma ya miezi michache, alisimama katika foleni ya duka mojawapo nyuma ya kijana aliyeshika bahasha ya kaki. Ndani ya bahasha mlikuwa na shahada ya chuo kikuu cha nchi ya nje, iliyoandikwa kwa Kiarabu, pamoja na tafsiri yake yenye mhuri. Alikuwa akitoa nakala ili azipeleke kunakohusika, shahada yake ipate kutambuliwa. Mwenye duka, kwa utani wa watu wa mjini, akamwuliza: "Kwani hiyo shahada yako haikutoshi, mpaka itafutiwe shahada nyengine ya kuishuhudia?" Kisha akanigeukia mimi, kwa kuwa aliona ukosi wangu: "Au vipi, padri?" (Huko Unguja kila mchungaji ni padri, nimeacha kusahihisha.)

Sikuwa na jibu papo hapo. Makala hii ni jibu langu lililochelewa. Nakusudia kuhakiki namna tunavyoamua, katika vyuo vyetu, katika tume zetu na hatimaye mahakamani, kama shahada ya chuo kimoja itapokewa na chuo kingine au na chama cha wanataaluma. Siandiki kama mwanasheria, kwa maana siye. Nauliza kama mwalimu wa theolojia: ni kitu gani hasa kinachodaiwa wakati mhitimu anapokwenda mahakamani kwa sababu masomo yake yamekataliwa? Maoni yangu niyaseme mapema ili msomaji asisumbuke kuyatafuta. Yeyote mwenye mamlaka ya kukataa shahada anao pia wajibu wa kusema kabla mwanafunzi hajaanza masomo. Na asiposema kwa wakati wake, amejipunguzia haki ya kukataa. Hoja hii si ngeni kwetu, maana kwa namna fulani Luther mwenyewe aliitumia dhidi ya walimu wake.

Kwanza maneno. Neno "shahada" limetujia kutoka Kiarabu, nalo maana yake ni ushahidi. Mtu wa Unguja akilisikia neno hilo, kabla ya kufikiri joho na kofia hufikiri ukiri wa imani, tena hufikiri shahidi aliyesimama mbele ya kadhi. Sisi wa bara tumezoea kulitumia kwa karatasi ya chuo hata tumesahau kwamba karatasi hiyo ni ushahidi wa mtu mmoja juu ya mtu mwingine. Chuo kinasema: huyu tumemfundisha, tumempima, nasi tunamshuhudia. Basi mgogoro wa kutambua shahada ni mgogoro juu ya shahidi. Anayeikataa shahada ya mhitimu husema, kwa maneno ya adabu zaidi, kwamba shahidi wake haaminiki. Ndiyo maana mashauri haya huwa na uchungu kuliko mashauri ya viwanja. Mtu hapokonywi mali tu. Husikia kwamba walimu wake walisema uongo juu yake.

Aidha yafaa tutenganishe mambo matatu ambayo katika mazungumzo yetu huchanganywa. Ithibati ni kukubaliwa kwa chuo au kwa programu yake na chombo cha dola. Utambuzi ni kukubaliwa kwa shahada ya mtu fulani, iliyotoka mahali pengine, kuwa sawa na ya kwetu. Leseni ni ruhusa ya kufanya kazi. Mhitimu wa sheria wa Tanzania aweza kuwa na shahada isiyo na shaka yo yote katika pande zote mbili za Muungano, na hata hivyo wakili wa Zanzibar hana ruhusa ya kusimama katika mahakama za bara kwa sababu tu ya uwakili wake wa Zanzibar, kwa kuwa daftari za mawakili ni mbili. Hapo hakuna aliyeidharau shahada yake. Kilichokosekana ni leseni. Wengi waliokwenda mahakamani wakidai utambuzi walikuwa kwa kweli wakidai leseni, na wengi waliojibu kwa kutaja leseni walikuwa kwa kweli wakiikataa shahada.

Sasa twende Erfurt. Chuo Kikuu cha Erfurt kilifunguliwa mwaka 1392, na hapo ndipo Luther alipopata shahada zake za kwanza, mwaka 1502 na mwaka 1505. Mwaka 1508 shirika lake la Waagustino lilimpeleka Wittenberg, chuo kilichoanzishwa mwaka 1502, kichanga kabisa. Huko, mwezi Machi 1509, akapewa cheo cha kwanza cha theolojia, kile cha kufundisha Biblia. Mwaka huo huo akarudishwa Erfurt, akiwa tayari kuanza kufundisha Sentensi za Petro Lombardo, ambacho kilikuwa cheo kilichofuata. Ndipo taabu ilipoanza. Kitivo cha Erfurt kilisita kukipokea cheo kilichopatikana katika chuo kipya kama Wittenberg. Mwishowe walimpokea, lakini si kwa moyo mweupe. Msomaji aliyewahi kukaa katika ofisi ya msajili akiambiwa kwamba chuo alichotoka "hakijulikani vizuri" atauelewa moyo wa mtawa yule.

Mwaka 1511 Luther akahamia Wittenberg moja kwa moja, na mwezi Oktoba 1512 akafanywa Daktari wa Theolojia. Gharama zake, gulden 50, zililipwa na Mteule Friedrich, na stakabadhi aliyoiandika Luther kwa mkono wake ingaliko. Sasa Erfurt, waliosita kukitambua cheo cha Wittenberg, wakageuka kulalamika kwamba mwanafunzi wao amewakimbia. Walidai kwamba aliapa kuchukua udaktari wake kwao na si penginepo, kwa hiyo amevunja kiapo. Aliyekuwa mbele katika lawama hizo alikuwa Johannes Nathin, mtawa mwenzake na mwalimu wake wa zamani. Mwaka 1514 Luther aliwaandikia kujitetea. Kiini cha utetezi wake ni kwamba hakuapa. Kiapo kile kilihusu wale walioanzia cheo cha Biblia huko Erfurt, naye alikianzia Wittenberg. Na walipompokea Erfurt hawakumwapisha.

Tuutazame utetezi huo bila kumpendelea kwa sababu ni Luther. Erfurt walikuwa na sababu ya kuumia. Walimlea kijana tangu mwanzo, wakamfundisha falsafa na theolojia, kisha heshima ya mwisho ikaenda kwa jirani aliyezaliwa juzi. Mwalimu ye yote ambaye mwanafunzi wake bora amehamia chuo kingine katika mwaka wa mwisho anajua maumivu hayo, na nisingependa kuyacheka. Lakini kisheria walikuwa na udhaifu mmoja mkubwa: kanuni waliyotaka kumfunga nayo hawakuitekeleza siku ile ilipopasa kutekelezwa. Walinyamaza alipoingia, wakasema alipokwisha kutoka. Hapo ndipo nionapo kiini cha jambo letu zima.

Pia yafaa kukumbuka kwamba mgogoro wa aina hii ulikuwa mkongwe hata wakati huo. Mwaka 1233 Papa Gregori wa Tisa aliwapa wahitimu wa Toulouse haki ya kufundisha mahali po pote bila kutahiniwa upya, na miaka sitini hivi baadaye Bologna na Paris nazo zikaandikiwa haki hiyo. Kwenye karatasi, daktari wa chuo kimoja alikuwa daktari wa ulimwengu wote wa Kikristo. Kwa vitendo vyuo vikubwa viliendelea kulindana milango. Baada ya Matengenezo hali ikawa ngumu zaidi. Marburg, chuo kilichoanzishwa na Filipo wa Hesse mwaka 1527 kwa msimamo wa kiinjili, kilikaa miaka kumi na minne bila hati ya Kaisari, hadi Karl wa Tano alipokipa mwaka 1541. Katika miaka hiyo kilifundisha na kutoa wachungaji wakati shahada zake hazikuwa na nguvu ya kisheria katika Dola nzima. Sisi Walutheri, basi, ni wazao wa vyuo visivyotambuliwa. Jambo hilo lingepasa kutufanya wapole, nami nitaonyesha mbele kwamba halikutufanya hivyo.

Nimeeleza ya Erfurt kwa urefu kwa sababu shauri kubwa la aina hii katika Afrika Mashariki limekwenda katika njia ile ile. Wahitimu wa uhandisi kutoka vyuo vikuu vya serikali vya Kenya, vikiwamo Egerton na Masinde Muliro, waliomba kusajiliwa kama wahandisi. Bodi ya Usajili wa Wahandisi ikakataa, kwa maelezo kwamba programu walizosomea haikuzitambua. Watu 107 wakafungua na kulifuatilia shauri lililopanda ngazi zote, kutoka Mahakama Kuu hadi Mahakama ya Rufani, na kutoka hapo hadi Mahakama ya Juu, iliyotoa hukumu yake mwaka 2018. Tangu kuanza kwa mgogoro hadi hukumu ya mwisho ni muda unaotosha kwa mtu kusoma shahada ya kwanza, ya pili na kuianza ya tatu.

Wanasheria wamejadili katika shauri hilo mipaka ya mamlaka: kama bodi iliyoundwa kwa ajili ya kusajili watu inaweza kujipa kazi ya kukagua vyuo, na kama chuo kilichoundwa kwa sheria ya Bunge kinaweza kuwekwa chini ya hukumu ya chama cha taaluma. Hayo ni maswali halali, na Bunge la Kenya limejaribu kuyajibu kwa kurekebisha Sheria ya Vyuo Vikuu ya 2012 ili Tume ya Elimu ya Vyuo Vikuu iwe na neno la mwisho juu ya programu. Ninachokosoa ni kwamba mjadala wote uligeuka kuwa wa vyombo viwili vikigombea fimbo moja, na mwanafunzi akawa kielelezo namba moja mezani. Yeye alifanya nini? Alifaulu mtihani wa taifa, akapangiwa chuo na serikali, akakopeshwa karo na serikali, akasoma miaka mitano katika chuo cha serikali, kisha bodi iliyoundwa na serikali hiyo hiyo ikamwambia hakusoma. Kama programu ilikuwa na kasoro, nayo yaweza kuwa ilikuwa nazo, kasoro hizo zilikuwapo tangu mwaka wa kwanza. Maabara isiyokuwapo mwaka wa tano haikuwapo mwaka wa kwanza. Bodi ilikuwa na macho siku zote hizo.

Yupo atakayenijibu, naye atakuwa na haki ya kunijibu: Je, usalama wa watu? Daraja lililojengwa na mhandisi asiyejua hesabu litaanguka hata kama mhandisi huyo alidhulumiwa. Hoja hii ni nzito nami siikwepi. Mtu asiyejua asipewe kazi ya kuhatarisha wengine, hata kama kutokujua kwake si kosa lake. Lakini tazama kwamba hoja hiyo inahusu leseni, nayo ina dawa yake: mtahini mtu. Mpe mtihani, mpe mwaka wa mazoezi chini ya msimamizi, mwongezee masomo yaliyopungua. Kumkataa mtu bila kumtahini, kwa sababu ya jina lililoandikwa juu ya karatasi yake, si kulinda umma. Ni kumkataa shahidi bila kumsikiliza shahidi wala kumwangalia anayeshuhudiwa.

Kesi ya pili ninayotaka kuitaja ni ya aina nyingine. Mwaka 2022 Johnson Sakaja, mgombea wa ugavana wa Nairobi, aliwasilisha shahada ya Team University ya Uganda, kwa kuwa sheria ya Kenya humtaka gavana awe na shahada. Tume ya Elimu ya Vyuo Vikuu ilikuwa imeitambua. Mwezi Juni, baada ya malalamiko kuzuka, ikauondoa utambuzi wake. Jambo likaenda mbele ya kamati ya tume ya uchaguzi na mbele ya Mahakama Kuu, jina lake likabaki katika karatasi ya kura, na mwezi Agosti akachaguliwa. Si kazi ya makala hii kuihukumu shahada yenyewe. Ninachoona ni udhaifu wa chombo kinachotambua leo na kukana wiki chache baadaye, huku macho ya nchi nzima yakikitazama. Utambuzi unaoweza kuondolewa haraka hivyo ulitolewa kwa uchunguzi gani? Na tukumbuke kwamba katika Kenya, tangu sheria ya mfumo wa sifa za taifa ya mwaka 2014, kuna mamlaka nyingine tena iliyopewa kazi ya kutambua sifa za nje, kwa maneno yanayokaribiana sana na yale ya Tume. Mashahidi wakizidi wawili, baraza linachoka.

Kwetu Tanzania mambo yamekwenda kimya zaidi. Elimu ya juu ni jambo la Muungano, kwa hiyo shahada ya kijana yule wa Darajani, ingawa shule zake za msingi na sekondari zilikuwa chini ya Wizara ya Elimu ya Zanzibar, hufika mbele ya Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania, iliyoundwa kwa Sheria ya Vyuo Vikuu ya mwaka 2005. Kabla ya hapo kulikuwa na Baraza la Ithibati, lililotokana na marekebisho ya Sheria ya Elimu ya mwaka 1995, marekebisho yaliyofungua mlango kwa mashirika ya dini kuwa na vyuo vikuu. Kwa mlango huo Makumira na vyuo vingine vya kanisa letu viliingia katika familia ya Tumaini, na kwa mlango huo huo Unguja ikapata chuo cha Chukwani na Chuo Kikuu cha Zanzibar kule Tunguu, vyote viwili mwaka 1998, kabla hata Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar hakijaanza kufundisha. Waislamu na Wakristo tulisimama katika foleni moja mbele ya dirisha moja, na nionavyo ni moja ya mambo machache ambayo tumewahi kuyafanya pamoja bila kamati.

Hapana budi niseme neno juu ya mwaka 2017, kwa kuwa wengi huuchanganya na habari hii. Mwezi Aprili mwaka huo Rais Magufuli alipokea, mjini Dodoma, orodha ya watumishi wa umma 9,932 waliotajwa kuwa na vyeti vya kughushi. Hao, wale waliothibitika, walikuwa na shahidi wa uongo; wengine walikata rufani na kusafishwa. Lakini mtu ambaye chuo chake hakitambuliwi hakughushi kitu. Tabia yetu ya kuwatazama wote kwa jicho moja, na kusema "ana matatizo ya vyeti," ni dhuluma ya ulimi, nasi wachungaji huirudia mezani bila kufikiri.

Kuhusu mikataba nitapita haraka. Nchi za Afrika zilikutana Arusha mwezi Desemba 1981, mwendo mfupi kutoka vyuo vyetu kadhaa vya Kilutheri, zikakubaliana kutambuliana masomo. Mkataba huo ukaandikwa upya Addis Ababa mwaka 2014. Itifaki ya Soko la Pamoja la Afrika Mashariki, iliyoanza kutumika Julai 2010, ina kifungu kizima juu ya kutambuliana sifa za elimu na taaluma, na mwaka 2017 wakuu wa nchi walitangaza Jumuiya kuwa eneo moja la elimu ya juu. Nimeisoma mikataba hii kwa furaha ya mtu asomaye mwaliko wa arusi ambayo gari lake halijaja. Inazifunga dola, mwanafunzi aliyeko dirishani haijui, wala karani aliye upande wa pili wa dirisha haijui.

Lakini Unguja imenifundisha jambo jingine, nalo ni la zamani kuliko tume zote. Katika Mji Mkongwe, mitaa michache kutoka Darajani, kulikuwa na elimu ya juu muda mrefu kabla ya chuo kikuu. Sayyid Ahmad bin Sumait, aliyekuwa kadhi, na Sheikh Abdallah Bakathir, aliyefundisha katika madrasa yake ya Ukutani, ambao wote wawili walifariki mwaka 1925, walitoa na kupokea ijaza. Ijaza ni ruhusa ya mwalimu kwa mwanafunzi kukifundisha kitabu fulani, naye mwalimu hutaja alikipokea kwa nani, na huyo kwa nani, hadi kumfikia mtungaji. Hapa anayetambuliwa si chuo. Ni mtu, na kitabu, na mwalimu aliyemsikiliza akisoma. Mwanachuoni wa Hadhramaut au wa Makka akiletewa ijaza ya Unguja, hakuuliza kama jengo lina maabara. Aliuliza jina la mwalimu, na kama alikuwa na shaka alimketisha mgeni na kumwambia: soma.

Siusifu utaratibu huo kupita kiasi. Unafaa pale ambapo wanachuoni ni wachache na wanajuana. Hauwezi kusajili wauguzi elfu kwa mwaka, na tena humnyima asiyekuwa na ukoo wala nauli. Hata hivyo una kitu ambacho tume zetu zimekipoteza, yaani lile neno "soma." Aliyetia shaka alikuwa na wajibu wa kusikiliza.

Katika Maandiko mtume Paulo analigusa jambo hili mara mbili, na kwa kawaida sisi hunukuu moja tu. Katika 2 Wakorintho 3 anauliza kama yeye anahitaji barua za sifa, kama wale wengine waliokuja nazo Korintho, na anawaambia Wakorintho kwamba wao wenyewe ndio barua yake. Mara ngapi nimesikia mahubiri yanayolitumia fungu hilo kuwadharau wasomi! Lakini mtu huyo huyo, katika Wagalatia 2, anaeleza kwamba alipanda kwenda Yerusalemu na kuwaeleza faraghani wale waliokuwa na sifa Injili aliyoihubiri, asije akawa anapiga mbio bure, nao wakampa mkono wa kuume wa shirika. Hakuwategemea kwa wito wake. Lakini hakukidharau kibali chao. Nao kwa upande wao walimsikiliza kwanza, ndipo wakatoa mkono. Hakuna mahali tunaposoma kwamba Yakobo alimwuliza kama Dameski ilikuwa na ithibati.

Sasa nirudi nyumbani, maana uhakiki usiofika nyumbani ni umbea. Nilipomaliza masomo ya theolojia katika seminari na kuomba kuendelea katika chuo kikuu kimoja cha ng'ambo, nilijibiwa kwamba miaka yangu mitano itahesabiwa kuwa miwili. Hakuna aliyeomba mtaala. Nilikasirika, nikaomba, nikakasirika tena, kisha nikasoma upya mambo niliyokwisha kuyafundisha. Nilidhani kwamba nimejifunza.

Miaka kadhaa baadaye niliketi katika kamati ya udahili ya chuo ambacho sitakitaja. Mbele yetu kulikuwa na maombi ya mwinjilisti wa makamo, aliyekuwa amehudumu visiwani muda mrefu, mwenye stashahada ya miaka mitatu ya chuo cha Biblia cha kanisa jingine. Alikuwa ameandikiwa na ofisi yetu wenyewe, miaka minne kabla, kwamba akipata stashahada "inayofaa" aje. Akaenda akaipata. Tulipoiona, mmoja wetu akasema kwamba chuo kile hakimo katika orodha. Orodha yenyewe haikuwa imetangazwa popote. Ilikuwa katika jalada. Tulitumia dakika kama nne. Sahihi yangu ni ya tatu.

Alikuja kuniona baadaye. Hakugomba. Alisema, "Mchungaji, mimi sikatai kwamba chuo chetu ni kidogo. Lakini nilipoandikiwa ile barua, si mngeniambia ni vipi vinavyofaa? Ningekwenda huko huko." Nikamjibu kwamba utaratibu ndivyo ulivyo. Akasema, "Haya, Mchungaji, asante," akachukua bahasha yake. Baadaye niliomba mtaala wa chuo kile, nikausoma: Kiyunani mwaka mmoja, masomo ya Agano la Kale mazuri kuliko nilivyotazamia, historia ya kanisa dhaifu, maadili hakuna. Mtu wa namna hiyo angeweza kuongezewa masomo ya muhula mmoja au miwili. Tulikuwa tumemkataa shahidi bila kumsikiliza, nasi tulikuwa Erfurt kamili, ila Erfurt angalau walimpokea Luther kwanza.

Angekwenda mahakamani je? Nionavyo mimi, mahakama ingesita kuhukumu kama Kiyunani chake kinatosha, kwa maana mahakimu kwa kawaida huwaachia walimu hukumu ya kitaaluma. Lakini ingetuuliza maswali matatu ya utaratibu: orodha ilitangazwa lini, mwombaji alisikilizwa wapi, na sababu ya kukataliwa iliandikwa katika karatasi gani. Katika yote matatu tungenyamaza. Sifurahii wazo la mwinjilisti kushtaki chuo cha kanisa, nami najua Paulo alivyowakaripia Wakorintho kwa kushtakiana. Lakini makaripio yale yaliwahusu pia waliodhulumu, nao ndio tuliokuwa sisi.

Kwa hiyo pendekezo langu kwa vyuo vyetu ni dogo, nalo nimelipeleka kwa maandishi katika baraza la taaluma ninamotumika. Orodha ya vyuo ambavyo masomo yake tunayapokea ichapwe na kubandikwa kila mwezi Januari, pamoja na sababu ya kila chuo kilichoachwa. Mwanafunzi aliyeanza masomo mahali fulani wakati pako katika orodha ahesabiwe kwa orodha ya mwaka alioanza, hata kama baadaye tumebadili mawazo. Na anayetoka nje ya orodha apewe mtihani wa mdomo wa saa moja mbele ya walimu wawili kabla jina lake halijakatwa. Baraza limelipokea pendekezo na kuliahirisha, likitaka kujua nani atawalipa posho walimu hao wawili. Nimejitolea kuwa mmoja wao bila posho. Mwinjilisti yule nimemwandikia; barua yangu imerudi na alama ya posta kwamba sanduku limefungwa, na sasa namtafuta kwa njia ya mchungaji wa usharika wake.